Bibi wa La Usurpadora alikuwa na sauti yake

Mimi nilimjua kwanza kama bibi mlevi.

Ilikuwa mwaka 2002 au 2003, sebuleni kwetu, kwa sidii za kukodi ambazo zilikuwa na tabia ya kukwama kila zikifika patamu. Tamthilia yenyewe ni La Usurpadora, ya Meksiko, ile ya mapacha wasiojuana: Paola, tajiri mwenye roho mbaya, anamlazimisha Paulina, maskini wa watu, akakae kwenye jumba la mumewe ajifanye yeye, ili mwenyewe apate kwenda kustarehe. Ndani ya jumba hilo kulikuwa na kizee anaitwa Piedad, mama mkubwa wa ukoo mzima, ambaye siku zake zote zilikuwa zikiishia kwenye chupa. Paola ndiye aliyekuwa akimtilia pombe makusudi. Paulina alipoingia, kazi yake ya kwanza ya maana ilikuwa kumwachisha.

Sauti zilikuwa zimebandikwa za Kiingereza. Bibi yangu mzaa mama hakujua Kiingereza, kwa hiyo dada yangu mkubwa alikaa chini karibu na miguu yake kama mkalimani wa mahakama. "Anasemaje?" "Anasema hanywi tena, Bibi." "Mwongo, ngoja uone." Neno lilitoka kwa Kihispania, likapitia kinywa cha mtu fulani asiyeonekana aliyelipwa kulisema kwa Kiingereza, likafika kwa dada, naye akaruka kila alichoona hakifai kusemwa mbele ya mzee. Bibi hakujali. Alikuwa na namna yake ya kutazama. Siku moja akasema, bila kuulizwa na mtu, "Hawa wengine wote wanaigiza kwa mdomo. Huyu mzee mwenzangu anaigiza hata akinyamaza."

Tulimcheka kidogo. Tulidhani anampendelea kwa sababu ya mvi.

Miaka mingi baadaye nilikuwa naperuzi simu usiku, natafuta nyimbo za zamani za tango, ule muziki wa Argentina, nikakutana na picha nyeusi na nyeupe ya mwanamke wa miaka ya 1930: uso wa duara, nyusi nyembamba, macho yanayotazama pembeni kama mtu aliyeitwa jina lake na hajaamua kugeuka. Jina chini yake: Libertad Lamarque. Nikabonyeza, nikasoma orodha ya kazi zake kutoka juu hadi chini, na huko mwishoni kabisa nikaona: La Usurpadora, 1998. Nikarudi juu, nikasoma tena.

Alipokuwa bibi mlevi wetu alikuwa na miaka 89. Miaka 65 kabla ya hapo alikuwa ndani ya filamu iliyoifungulia Argentina sinema ya sauti. Na alikuwa mwimbaji. Hilo ndilo lililonikaa rohoni. Mwanamke ambaye studio zilijengwa juu ya koo lake, sisi tulikaa naye sebuleni miezi kadhaa na hatukuwahi kumsikia hata neno moja.

Alizaliwa tarehe 24 Novemba 1908 katika mji wa Rosario, Argentina, bandari ya mto Paraná. Baba yake, Gaudencio Lamarque, alikuwa Mruguai, fundi wa bati, na mtu wa siasa za wale wasiotaka serikali wala tajiri juu ya kichwa cha mfanyakazi. Wakati binti anazaliwa, baba alikuwa gerezani kwa ajili ya siasa hizo, na mtoto akapewa jina Libertad, yaani Uhuru. Sisi tunaozaliana na akina Tabu, Mashaka, Vita na Sikujua hatuhitaji kuelezwa zaidi. Jina la mtoto ni taarifa ya hali ya nyumba siku ile.

Tangu ana miaka saba hivi alikuwa akipanda jukwaani. Mwaka 1922 familia ikahamia Buenos Aires, na kufika 1924 alikuwa amepata nafasi katika ukumbi wa Teatro Nacional, barabara ya Corrientes. Hakuanza kama nyota. Alikuwa mmoja wa wasichana wanaojaza jukwaa nyuma ya nyota, anaimba sehemu yake na kuondoka. Mwaka 1926 akaingia kurekodi santuri na kampuni ya Victor, na mwaka huohuo akaolewa na Emilio Romero, ambaye kazi yake kwenye ukumbi ilikuwa kukaa mahali asipoonekana na kuwanong'oneza waigizaji maneno yao wakisahau. Nimeifikiria sana kazi hiyo. Kuishi kwa kujua maneno ya kila mtu, na wa kupigiwa makofi awe mwingine kila usiku.

Hizo santuri za Victor zilikuwa na ile picha ya mbwa anayesikiliza pembe ya gramafoni. Ni mbwa yuleyule aliyekuwa kwenye santuri za HMV alizorekodi Siti binti Saad kule Bombay mwaka 1928. Sidai kwamba wanawake hawa wawili waliwahi kusikiana. Nasema tu kwamba katika muda wa miaka miwili, binti wa fundi bati wa Rosario na binti wa mfinyanzi wa Fumba waliingia kila mmoja kwenye chumba cha kurekodia, wakaimba mbele ya mashine, na mbwa akawasikiliza wote.

Mwaka 1929 Libertad alipata nafasi katika tamthilia ya jukwaani ya Alberto Vacarezza, El conventillo de la Paloma. Conventillo ni nyumba ya wapangaji ya Buenos Aires ya zamani: uwanja katikati, vyumba pande zote, kila familia chumba kimoja, bomba la maji moja, ugomvi wa foleni ya kufulia. Mtu wa uswahilini angeingia mle na kujua aketi wapi. Yeye aliigiza kama msichana anayeitwa Doce Pesos, Peso Kumi na Mbili. Tamthilia ilichezwa zaidi ya mara 1,000. Kisha mwaka 1931 akashinda shindano la Malkia wa Tango lililofanyika Teatro Colón, ukumbi wa opera, mahali ambapo watu wa conventillo walikuwa wakipaona kwa nje.

Sasa sinema. Mwaka 1930 alionekana katika Adiós Argentina, wakati filamu za nchi hiyo zilikuwa bado zinahangaika kati ya ububu na usemi. Kulikuwa na majaribio ya kucheza filamu huku santuri ikizunguka pembeni, na kila aliyewahi kuona mdomo na sauti vikipishana anajua mateso hayo. Mambo yakakaa sawa tarehe 27 Aprili 1933, ilipoonyeshwa ¡Tango!, kazi ya kwanza ya kampuni mpya ya Argentina Sono Film, ikiongozwa na Luis José Moglia Barth. Sauti safari hii ilikuwa imechapwa kwenye mkanda wenyewe, pembeni mwa picha. Wiki chache tu baadaye, Mei 1933, ikatoka filamu ya kwanza ya studio ya Lumiton, Los tres berretines. Lumiton nayo ilianzishwa na madaktari na wanafunzi wa udaktari waliokuwa wamepanda juu ya paa la ukumbi wa Coliseo mwaka 1920 kurusha matangazo ya redio, mpaka watu wakawaita vichaa wa paani. Sinema ya sauti ya Argentina ilizaliwa na watu wa redio na watu wa santuri. Picha ilikuja kama mgeni mwalikwa.

Ukiitazama ¡Tango! leo, hadithi yenyewe ni kamba nyembamba ya kuanikia nyimbo. Azucena Maizani anafungua akiwa amevaa kiume, anaimba. Anakuja Tita Merello, anakuja Mercedes Simone, anakuja Libertad. Kila mmoja anasimama, anaimba, anapisha. Watu walilipa kuona nyuso za sauti walizokuwa nazo nyumbani miaka yote. Hebu fikiria umemsikiliza mtu redioni tangu ukiwa mdogo, halafu siku moja unakata tiketi na kuona kumbe ana kidoti.

Lakini kufungua pazia ni jambo moja, kujua ufanye nini ukishafungua ni jingine. Carlos Gardel, mwimbaji wa tango mwenye jina kubwa kuliko wanaume wote, alikuwa akifanyia filamu zake ng'ambo, Paris na New York, na tarehe 24 Juni 1935 akafa kwenye ajali ya ndege Medellín, Kolombia. Nyumbani, watayarishaji walikuwa wakiendelea kubandika wimbo popote penye nafasi. Mtu anaingia baa, kuna bendi, anaimba. Mtu yuko kwenye sherehe, anaombwa, anaimba.

Mwaka huo wa 1935 Libertad alikuwa kwenye kilele cha jina lake na chini kabisa ya maisha yake. Ndoa ilikuwa imeharibika, kuna binti mdogo, Mirtha, na sheria ya Argentina haikujua talaka. Ungeweza kutengana lakini usingeweza kuwa huru. Akiwa Santiago, Chile, kwenye ziara ya kuimba, alijirusha kutoka dirisha la hoteli. Turubai la kivuli lililokuwa chini lilipunguza kishindo, akapona. Baadaye mume alimchukua mtoto akampeleka Uruguay, na mama akavuka mto kwenda kumrudisha.

Sitaki kukaa hapo, magazeti ya wakati ule yalikaa ya kutosha. Ninachotaka ni kitu kimoja. Mwaka uliofuata, 1936, ikatoka filamu ambayo hadithi yake aliibuni mwenyewe. Jina lake Ayúdame a vivir. Nisaidie kuishi.

Aliyeiongoza ni José Agustín Ferreyra, ambaye Buenos Aires nzima ilimwita El Negro Ferreyra, maana mama yake alikuwa mweusi. Naandika hilo kwa kusita kidogo, kwa sababu Argentina imejitahidi sana kusahau kwamba ilikuwa na watu weusi, na huyu hapa, mmoja wa waasisi wa sinema yao. Hakusomea popote. Alianza kwa kuchora mapazia ya ukumbi, na enzi za filamu bubu alikuwa na sifa ya kupiga picha bila muswada, anaamka na wazo na kamera. Kamera yake ilikuwa ikienda mitaa ya pembeni, kwa mafundi cherehani na wasichana wa viwandani.

Walichofanya wawili hawa ni hiki. Badala ya mhusika kuacha maisha yake, kupanda jukwaani na kuimba, wimbo uliingia palepale ambapo maneno ya kawaida yalikuwa yanaanza kushindwa. Mke anamkabili mume, anaanza kusema, sauti inapanda, na kabla hujajua ugomvi umekuwa tango. Hakuna bendi chumbani. Hakuna aliyeshangaa. Mwanahistoria wa sinema Domingo Di Núbila alikuja kuziita filamu za namna hii opera za tango, na wakosoaji wa wakati ule walizibeza kama vilio vya wafanyakazi wa ndani. Hao wafanyakazi wa ndani ndio walionunua tiketi. Filamu ikatoka Argentina ikazunguka Amerika ya Kihispania yote, na studio zikagundua kwamba wana bidhaa ya kuuza nje ambayo Hollywood haiwezi kuitengeneza.

Mimi nilipoanza kuzitazama nilicheka. Nakiri. Kisha nikakumbuka kitchen party na rusha roho, jinsi mtu anavyoweza kukaa mwezi mzima bila kumjibu jirani, halafu siku ya shughuli inapigwa nyimbo moja tu, anasimama na noti mkononi, anamtazama mtu machoni, na kila aliyepo anajua jibu limeshatolewa. Hatuulizi bendi ilitoka wapi.

Mwaka 1937 wakatoa Besos brujos, mabusu ya kichawi. Hapa mwimbaji anatekwa na mwanamume wa msituni aliyempenda akiwa jukwaani, anafungiwa mbali na mji. Wimbo wenye jina la filamu ni mwanamke anayemwambia mwanamume amwache, hataki kubusiwa naye. Nimeutazama mara nyingi kuliko ninavyopenda kusema. Wengi wanaoimba kwa hasira huikaza sauti. Yeye anaipandisha. Sauti yake ni ya juu, nyembamba, safi, ile ya ndege zaidi kuliko ya baa, na watu wa tango wenye ladha ya moshi na mvinyo mpaka leo hawamsamehei kwa hilo. Lakini sikiliza pale anapofika mwisho wa mstari: anaiachia noti mapema kidogo, kama mtu anayechomoa mkono wake kwenye mkono wa mwingine. Jicho nalo halilii. Machozi yako yote kwenye koo, uso umebaki kuwa wa mtu anayekataa.

Aliyetunga muziki wa wimbo huo ni mpiga piano Alfredo Malerba. Alifuatana naye miaka yote hiyo, na mwaka 1945, alipokuwa hatimaye huru kisheria, wakaoana. Simwoni kama mtu wa kunong'oneza kutoka kwenye giza. Alikuwa pale pale kwenye piano, anaonekana.

Baada ya filamu ya tatu na Ferreyra, La ley que olvidaron ya 1938, studio kubwa zikamchukua. Argentina Sono Film wakampa Madreselva mwaka huohuo, akiwa na Hugo del Carril chini ya Luis César Amadori, na mwaka 1939 Puerta cerrada ya Luis Saslavsky. Hizi zimepigwa pasi vizuri. Mpiga picha wa Puerta cerrada ni John Alton, mzaliwa wa Hungaria aliyekuwa akifanya kazi Buenos Aires kabla ya kwenda kuwa bwana wa vivuli huko Hollywood na kupata Oscar. Taa zinajua uso wa Libertad ulipo. Mavazi ni ya gharama. Mimi bado namtaka yule wa Ferreyra, kwenye picha zenye mwanga mbaya, lakini najua niko peke yangu hapo, na Puerta cerrada inaniliza kila mara, kwa hiyo puuza ninayosema.

Tufike kwenye kofi.

Ukitaja jina lake mbele ya Mwajentina yeyote wa umri fulani, kabla hujamaliza utaambiwa: yule aliyempiga Evita kofi. Mwaka 1944, katika studio za San Miguel, Mario Soffici alikuwa akiongoza La cabalgata del circo, hadithi ya familia ya sarakasi inayozunguka nchi kwa vizazi. Nyota walikuwa Libertad na Hugo del Carril. Kwenye nafasi ndogo alikuwemo msichana wa miaka 25, Eva Duarte, ndiye Evita huyo, aliyekuwa akijulikana zaidi kwa michezo ya redio. Januari mwaka huo, kwenye tamasha la kuchangia waathirika wa tetemeko la San Juan, Eva alikuwa amekutana na Kanali Juan Perón. Akawa anafika kazini na gari la serikali, na anafika anapotaka.

Hapo ndipo masimulizi yanapogawanyika. Wapo wanaosema ni kiti, wapo wanaosema ni gauni, wapo wanaosema ni kuchelewa. Wote wanamalizia na kofi. Mwaka 1946 Perón akawa rais, Eva akawa mke wa rais, na Libertad akawa Meksiko. Hadithi imejifunga yenyewe kama kanga na mwenzake.

Libertad alikana. Alikana kwenye mahojiano, akakana kwenye kitabu cha maisha yake alichotoa 1986, akakana mpaka uzeeni. Alisema walizozana kuhusu kuchelewa, kwamba yeye alizoea kufika saa ya kazi na kukuta kazi, na kwamba mkono wake haukuinuka. Nusu karne mtu anasema hapana, na watu wanamwitikia kwa tabasamu, kama anayeombwa asimulie tena.

Mimi namwamini. Lakini hata ningekuwa simwamini, kuna jambo ambalo kofi linalificha, nalo ni filamu mbichi.

Mkanda wa kupigia picha ulikuwa ukitoka Marekani. Vita Kuu ya Pili ilipopamba moto, Argentina ilikaa bila kuegemea upande, na Wamarekani wakaadhibu kwa kubana mgao. Meksiko, ambayo iliingia vitani upande wao mwaka 1942, ikapewa mikanda, mitambo na mikopo. Mwaka 1942 studio za Argentina zilitoa filamu 56. Mwaka 1944 zilikuwa 24. Sasa wewe ni mwigizaji anayelipwa kuliko karibu wote, umezoea kufanya filamu mbili kwa mwaka, soko lako ni kuanzia Havana hadi Santiago, na nyumbani mkanda unagawiwa kama sukari ya mgao, na anayegawa ni ofisi ya serikali. Mexico City wanakuita. Utakaa kusubiri nini?

Sisemi siasa haikuwepo. Ofisi hiyohiyo iliyokuwa na ufunguo wa mikanda ilikuwa na mkono kwenye redio na magazeti, na mwenye kinyongo ndani ya ikulu hahitaji kutoa amri kwa maandishi. Watu wakiona bosi kanuna, wanaacha wenyewe kukupigia simu. Wengine waliofuata njia hiyo, kama mchekeshaji Niní Marshall, walikuta hivyohivyo. Lakini hata baada ya kofi hilo linalosemwa, kuna filamu nyingine ya Argentina yenye jina lake, Romance musical, iliyotoka 1947. Mlango ulifungwa polepole, kwa bawaba nyingi. Kofi ni tamu kusimulia kuliko takwimu za mikanda, na pia linamfanya mwanamke mmoja awe na wivu na mwingine awe na kisasi, hesabu ambayo watu huipenda kila mahali.

Na gurudumu liliendelea kuzunguka. Perón alipopinduliwa mwaka 1955, Hugo del Carril, yule mwenzake wa Madreselva, aliyekuwa amerekodi wimbo wa chama cha Perón, akatiwa ndani. Tita Merello, waliyeanza naye kwenye ¡Tango!, akakosa kazi akaenda Meksiko. Hao hawakumpiga mtu kofi, kwa hiyo hawana hadithi fupi.

Filamu yake ya kwanza Meksiko ilikuwa Gran Casino, 1947, akiwa na Jorge Negrete, nyota wa nyimbo za mashambani wa huko. Mwongozaji alikuwa Luis Buñuel, Mhispania aliyekuwa hana kazi, na hii ilikuwa filamu yake ya kwanza nchini humo. Fikiria mchanganyiko huo: malkia wa machozi, mfalme wa kofia pana, na mtu aliyejipatia jina Paris kwa filamu ya kukata jicho kwa wembe. Hadithi inatokea Tampico, kwenye visima vya mafuta. Enrique Santos Discépolo alimwandikia maneno mapya ya tango la zamani, El choclo, ayaimbe humo, na maneno hayo ndiyo dunia inayoyaimba mpaka leo. Halafu inakuja tukio la mapenzi. Wawili wameketi, wanasema ya kusemwa, na unangojea busu. Buñuel, aliyekuwa na kichefuchefu cha mabusu ya sinema, anaipeleka kamera chini, kwenye kijiti ambacho Negrete anakorogea tope la mafuta. Kijiti kinakoroga. Tope zito, jeusi, linang'aa. Huku juu Libertad anaendelea kusema maneno ya mapenzi kwa uaminifu wote, kama mtu asiyeambiwa.

Filamu haikuuza, na Buñuel alikaa zaidi ya miaka miwili bila kuongoza nyingine. Libertad hakukaa hata kidogo. Alifanya filamu baada ya filamu, akaimba na Pedro Infante, akazunguka bara zima mpaka wakamwita Novia de América, mchumba wa Amerika. Hesabu yake ya filamu inapita 60, nyingi za Meksiko. Alirudi Argentina kucheza mara kadhaa baadaye, akashangiliwa, na kila mara akaulizwa kuhusu kofi.

Miaka ya Meksiko naipita haraka kwa sababu, kusema kweli, filamu zake zinafanana. Mama anayejitoa, mama aliyenyang'anywa mtoto, mama anayeimba. Alikuwa na miaka 38 hivi alipofika, na sinema inajua nini cha kumfanya mwanamke wa miaka 38. Kati ya hizo zote ningekushauri La loca, 1952, ambapo anapewa wazimu wa kuigiza na anautumia wote.

Alifariki tarehe 12 Desemba 2000, Mexico City, akiwa na miaka 92. Alikuwa kazini. Tamthilia ya watoto, Carita de ángel, yeye akiwa mama mkuu wa watawa. Ilibidi nafasi hiyo achukue Silvia Pinal ili hadithi iendelee.

Kwa hiyo sisi tulipokuwa tukimtazama akinywa pale sebuleni, alikuwa ameshafariki miaka miwili au mitatu, na hatukujua.

Bibi naye ametutoka. Mwaka jana nilikuwa kwa dada, watoto wamelala, nikamwekea Besos brujos kwenye simu, ule wimbo wa kukataa. Hakuna tafsiri, hakuna maandishi chini. Sikumwambia ni nani. Alitazama mpaka katikati, kisha akachukua simu akaisogeza karibu na uso.

"Huyu namjua," akasema.

"Wa wapi?"

Akanyamaza, anasikiliza. Wimbo ukaisha. Akaurudisha mwanzo mwenyewe kwa kidole.

"Yule bibi wa chupa," akasema. "Kumbe alikuwa na sauti hii." Halafu, mazoea ya zamani yakimshika, akaanza kutafsiri lugha asiyoijua, polepole, mstari kwa mstari, kama vile kuna mtu amekaa kitini nyuma yake: "Anasema amwache. Anasema hataki. Anasema amwache, Bibi."